Ami, vichekesho ni vyangu lakini jina langu halimo

Assalaam alaykum Ami, na shikamoo.

Mimi ni mwanamke wa miaka 29, mzaliwa wa Wete, nasomesha Kiswahili katika skuli moja ya sekondari hapa hapa Pemba. Usiku, nikishamaliza kusahihisha madaftari, naandika vichekesho. Nilianza na michezo ya sherehe za skuli. Baadaye vijana watano wa mtaani wakaniomba niwaandikie vitu vya kurekodi kwa simu. Klipu zao za dakika mbili huenda zimeshakufikia kwenye WhatsApp bila ya wewe kujua zimetokea wapi. Kuna ya bibi anayepanda boti na kuku ndani ya mkoba wa kompyuta. Kuna ya harusi ambayo kila mtu yupo isipokuwa bwana harusi, na hakuna anayetaka kuwa wa kwanza kulisema. Kuna ya mzee anayewahesabia wachumaji pishi zao za karafuu, na kila akifika saba anarudi tano. Zote nimeziandika mie, neno kwa neno, mpaka pale pa kunyamaza nimeandika "hapa nyamaza, hesabu mpaka tatu".

Mkuu wa kikundi ndiye anayecheza yule mzee. Siku hizi hawezi kushuka kwenye gari Chake Chake bila ya watoto kumwita kwa jina la mhusika. Sina husuda naye, anacheza vizuri mno. Lakini alihojiwa redioni, akaulizwa maneno yale anayapata wapi, akajibu: "Yanakuja tu yenyewe." Nilikuwa jikoni nakuna nazi. Niliacha kukuna.

Sasa kituo kimoja cha televisheni kinataka vipindi 13 vya nusu saa. Mkuu wa kikundi ameniletea mkataba wa kurasa sita, umeandikwa Kiingereza, nimeusoma na kamusi pembeni. Unasema kazi zote za kikundi, zilizokwisha kutoka na zitakazotoka, pamoja na majina ya wahusika, zitakuwa mali ya kituo. Mie simo. Jina langu halipo ukurasa wowote. Mwenzangu anasema nitalipwa kupitia kwake kila kipindi kikisharushwa, na kuhusu jina langu kutokea mwishoni anasema watu hawasomi yale maandishi, wanabadilisha stesheni. Nilipozidi kuuliza akasema sisi ni ndugu, mambo ya karatasi ni ya watu wasioaminiana. Wenzangu wa kikundi wanataka pia niache kusomesha nihamie Unguja, na jibu wanalitaka kabla ya mwisho wa mwezi.

Nyumbani nako hakukaliki. Mama anasema kazi ya serikali ina kiinua mgongo, vichekesho vina nini? Na mjomba wangu, mwenye shamba la mikarafuu, kajiona kwenye yule mzee wa pishi. Hajakanyaga kwetu tangu Ramadhani.

Nakuuliza Ami, nitie saini? Hii kweli ni kazi ya mtu kuishi nayo maisha yake yote, au ni pumbao la usiku? Na mtu kama mie, asiyetaka kabisa kusimama mbele ya kamera na ambaye hajasomea filamu, ataingilia wapi? Nakala ya mkataba nimeiambatanisha.

Mwenye Madaftari, Wete

*

Wa alaykum salaam mwanangu, marahaba.

Usitie saini. Nimelitanguliza hilo kwa sababu umepewa muda mfupi, na sitaki usome mpaka chini ndipo ulikute. Wala usikatae. Baina ya kutia saini na kukataa kuna kazi ya kufanya, na wiki zilizobaki zinatosha ukianza leo.

Kuhusu kama hii ni kazi: ni kazi, na watu wameishi nayo mpaka uzeeni. Marekani alikuwapo mtu akiitwa Norman Lear, amefariki Disemba 2023 akiwa na miaka 101. Kabla ya kuingia kwenye televisheni alikuwa akizunguka Los Angeles yeye na mwenzake wakiuza samani na picha za watoto mlango kwa mlango, na usiku wakiandika vichekesho pamoja. Mchana riziki, usiku daftari. Umeona kwamba ratiba yako si ngeni duniani. Kilichomtajirisha Lear, lakini, hakikuwa kuandika peke yake. Aliandika, kisha akawa mtayarishaji wa kile alichokiandika. Kipindi chake kilichotikisa nchi, All in the Family, kilikataliwa na kituo kimoja baada ya kurekodiwa mara mbili za majaribio, ndipo CBS wakakirusha Januari 1971. Msimu wake wa kwanza ulikuwa na vipindi 13, kama hivyo mnavyotakiwa nyinyi. Mtu aliyekuwa mwandishi tu wa kipindi kile angekwenda zake baada ya kukataliwa mara ya kwanza. Yeye alikuwa na cha kubeba kupeleka mlango mwingine, kwa sababu haki za kipindi zilikuwa mkononi mwake.

Kule kwao jambo hili limekuwa desturi. Waandishi hukaa chumba kimoja, wanagombana juu ya sentensi, na mwandishi anapanda ngazi kazini: anaanza akiwa mchanga anayeandika anachoambiwa, miaka ikienda anapewa cheo cha mtayarishaji, na wa juu kabisa ndiye anayeamua nani acheze, kipi kikatwe, pesa ziende wapi. Yale majina ya watayarishaji unayoyaona kichekesho cha Kimarekani kikianza, mengi ni ya watu wanaoandika. Na hata wao hawaachiwi wakalala. Mwaka 2023 waandishi wao waligoma kuanzia Mei mpaka mwisho wa Septemba, na miongoni mwa madai yao yalikuwa ukubwa wa kile chumba na malipo ya kazi zinazorudiwa kwenye intaneti.

Huku kwetu ngazi hiyo hatuna. Sisi ndio tuliokuwa na televisheni ya rangi tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, wakati Bara walingoja mpaka miaka ya 1990, na bado mtu ukimuuliza barazani akutajie waigizaji wa zamani atakutajia mpaka ukome, muulize nani aliandika atakutazama. Yule mwenzako aliyesema "yanakuja tu yenyewe" hakusema kwa ubaya, naamini. Amesema vile anavyoamini kila mtu. Kwa hiyo hutapandishwa cheo na mtu yeyote. Ikiwa unataka kuishi na kazi hii itakubidi uingie mwenyewe kwenye utayarishaji, tena sasa hivi, kwa kutumia mkataba huu huu uliokuja bila ya jina lako.

Kabla sijaingia kwenye mkataba, hebu tupige hesabu ambayo naona hakuna aliyeipiga katika kikundi chenu. Kipindi cha nusu saa ukitoa matangazo kinabaki kama dakika 24. Mara 13, unapata dakika 312. Klipu zenu ni za dakika mbili. Maana yake kituo kinakuomba klipu 156 kwa mkupuo, na si klipu kweli, kwa sababu klipu ina mzaha mmoja na inakufa pale watu wanapocheka. Dakika 24 zinataka kisa. Yule mzee wa pishi anataka nini leo? Nani anamzuia? Akishindwa, kipindi kijacho anaamka vipi? Chini ya kisa kikuu upite kisa kidogo cha mtu mwingine, ili tukichoka na mzee tuhamie kwa mkewe. Na vyote vitokee mahali pachache, kwa sababu kila mahali papya ni gari, ni ruhusa ya mwenye nyumba, ni chakula cha watu kumi. Uga wa kuanikia karafuu, duka, kipenu cha gati ya Wete: mahali patatu panakutosha msimu mzima ukipaandikia vizuri.

Huwezi kuyaandika hayo peke yako huku unasomesha. Huwezi pia ukiacha kusomesha. Tafuta wawili wa kuandika nao, na hapo Pemba usiniambie hakuna. Kisiwa chenye kibati, watu wanajibizana kwa kughani huku ngoma inakimbia na hakuna aliyeandikiwa neno, kinakosaje watu wa kusema maneno ya kuchekesha papo hapo? Anayejibu haraka si lazima awe mwandishi, ni kweli. Wewe ndiye mwenye kalamu, wao wakutupie.

Sasa mkataba. Nimeusoma mara mbili na nimemwonyesha rafiki yangu wakili, nikaficha majina.

Kifungu kinachotaka "kazi zote, zilizopo na zitakazokuja" ndicho kinachoubeba mkataba mzima, vilivyobaki ni mapambo. Wewe ni mtoto wa Pemba, nitakwambia kwa karafuu. Mchumaji hulipwa pishi zake alizochuma siku ile, akaondoka. Mwenye mkarafuu ndiye anayeanika, anayesubiri, anayeuza, na mwakani mti bado ni wake. Wanataka kukulipa pishi na kuondoka na mti. Mjomba wako, hata kama amenuna, angekuelewesha jambo hili kuliko mimi.

Kwa mujibu wa sheria yetu ya hakimiliki, ambayo Zanzibar tunayo ya kwetu tangu 2003, kazi ni ya aliyeitunga tangu alipoiandika. Klipu zile ni zako. Waigizaji wana haki zao kwa namna walivyocheza, usiwanyang'anye hilo, lakini maneno na kisa ni vyako, na mkuu wa kikundi hawezi kuuza asichokuwa nacho. Kituo hakijui kwamba upo, ndiyo maana jina lako halimo. Siku watakapojua, wakili wao mwenyewe ndiye atakayetaka saini yako, kwa sababu bila ya hiyo wananunua kitu chenye mgogoro. Hapo ndipo penye nguvu yako. Wengi wenye kalamu hawana hata hiyo.

Kaa chini ukusanye madaftari yako yote, yale yenye tarehe na yasiyo na tarehe, na ujumbe wa simu uliokuwa ukimtumia mkuu wa kikundi miswada. Usifute hata mmoja. Andika kila klipu vizuri, iwe na kichwa na jina lako, upeleke Ofisi ya Hakimiliki, COSOZA, isajiliwe. Usajili hauumbi haki, haki unayo tayari, lakini siku ya mabishano karatasi yenye muhuri inafupisha maneno. Kumbuka tu kwamba wazo tupu halilindwi. "Mzee bahili wa karafuu" ni wazo, kila mtu anaweza kuwa naye. Mzee wako, na jina lake, na anavyorudi tano akifika saba, na anayoyasema pale, hayo yaliyoandikwa ndiyo mali.

Kisha uwaandikie kituo, barua ya heshima, nakala kwa mkuu wa kikundi ili asije akasema umepita nyuma yake. Waambie wewe ndiye mwandishi, unafurahi wameipenda kazi, na uko tayari kuwapa leseni ya kurusha vipindi 13. Leseni, si mauzo. Wairushe kwa muda mtakaokubaliana, miaka miwili, mitatu, marudio mangapi, na kwenye chaneli zipi. Intaneti itajwe peke yake, kwa sababu siku hizi kipindi kinaweza kurushwa mara moja kwenye televisheni kisha kikaishi mtandaoni miaka kikivuna matangazo ambayo wewe huyaoni. Malipo ya uandishi yaandikwe kwa kila kipindi, yaje moja kwa moja kwako, sehemu ukikabidhi muswada, sehemu kipindi kikisharekodiwa. Hili la kulipwa "kikisharushwa" liondolewe. Kituo kinaweza kurekodi kisha kikakiweka kipindi kabatini kwa sababu mdhamini amejitoa, na wewe uliyeandika utakuwa umekosa nini?

Jina lako litokee mwanzoni, si mwishoni, katika maandishi yanayosomeka. Anayekwambia watu hawasomi, mwulize kwa nini basi hataki liwekwe.

Na majina ya wahusika usiyaachie. Vijana wa Orijino Komedi unawajua, akina Joti na Masanja. Walipovuma walikuwa EATV na kipindi kiliitwa Ze Comedy. Walipohamia TBC jina lile lilibaki walikotoka, wao wakaja na hilo la Orijino. Walikuwa maarufu kiasi kwamba watazamaji waliwafuata, sura zao ndizo zilikuwa jina. Wewe hutaki kusimama mbele ya kamera. Mhusika akibaki kituoni, wewe hakuna atakayekufuata, kwa sababu hakuna anayekujua. Kwa mwandishi, mhusika ndiye sura yake.

Kama kituo kiko Bara, angalia mkataba unasema mnafuata sheria ya wapi. Hakimiliki si jambo la Muungano. Bara wana sheria yao na COSOTA yao, sisi tuna yetu na COSOZA yetu, na mtu wa Wete hapendi kufunga safari ya boti mbili kwenda kusikiliza kesi. Na mwambie mwenzako kwamba ruhusa ya Baraza la Sanaa, Sensa, Filamu na Utamaduni inahitajika kabla hamjashika kamera hadharani. Mkataba wenu haukusema ni nani anayeishughulikia wala nani anailipia. Nyie mmezoea simu, mnarekodi pale uchochoroni na kuondoka. Mkija na taa na watu kumi sheha atauliza.

Hapa ndipo ninapotaka uingilie kwenye utayarishaji. Omba, ndani ya mkataba, cheo cha mtayarishaji mwenza. Hawatakupa kwa sababu wanakupenda. Watakupa ukienda na bajeti. Mwandishi akija na maneno anaambiwa asante. Akija na karatasi inayosema kipindi kimoja kinahitaji siku tatu za kurekodi, lakini vikirekodiwa vinne pamoja kwa kumaliza matukio yote ya dukani kwanza vinahitaji siku nane, huyo wanamvutia kiti. Kaa na mtu anayeijua kazi, muulize bei: maikrofoni za kukodi, kadi za kuhifadhia, mhariri kwa siku, nauli, wali wa mchana, chai ya saa nne ambayo ikikosekana hakuna muigizaji atakayekumbuka maneno yake. Jua saa za adhana za msikiti ulio karibu na pale mnaporekodi ili usiandike tukio refu la sauti ya chini wakati wa alasiri. Mpe mtu mmoja kazi ya kuandika nani alivaa kanga gani katika tukio lipi. Utadhani dogo hilo. Mama anaingia mlangoni na kanga ya samawati anatokea ndani na nyekundu, na Zanzibar nzima inacheka mahali ambapo hukuandika kicheko.

Zaidi ya yote, uwe na haki ya kukaa na mhariri. Nimekaa vyumba vya uhariri miaka mingi, na nimeona vichekesho vikifa pale kwa mkono wa kijana mwenye haraka. Umeandika "nyamaza, hesabu mpaka tatu". Mhariri anaona muigizaji amenyamaza, anadhani amesahau, anakata. Kicheko chako kilikuwa ndani ya ule ukimya. Muigizaji hataweza kukutetea, keshakwenda zake nyumbani. Mwongozaji pengine yuko kwenye kazi nyingine. Mwandishi ambaye pia ni mtayarishaji ndiye peke yake mwenye sababu ya kuwapo na mamlaka ya kusema rudisha.

Kumiliki kitu kina bei yake, sitaki nikufiche. Mwaka 1951 Lucille Ball na mumewe Desi Arnaz walipotaka kurekodi kichekesho chao kwenye filamu badala ya kukirusha moja kwa moja, walikubali mshahara upungue ili filamu zile zibaki kuwa mali yao. Wakati ule wengi hawakuona thamani ya kipindi kilichokwisha kurushwa. Baadaye marudio yake yakawa utajiri. Na wewe huenda ukaambiwa: ukitaka haki, malipo yatapungua. Kubali yapungue kidogo, yasipungue mpaka ukashindwa kulipa nauli. Mpaka huo utauweka wewe, mimi siijui mifuko yako.

Kwa hiyo skuli usiiache. Mama yako anasema kweli na mimi niko upande wake, angalau kwa msimu huu wa kwanza. Vipindi 13 si ajira, ni kibarua kirefu, na hakuna kituo kilichokuahidi msimu wa pili. Andika sasa, mwombe mwalimu mkuu kwa barua ruhusa ya kufanya kazi ya nje, na rekodi iwekwe kwenye likizo ndefu. Ukipata msimu wa pili na wa tatu, hapo uombe likizo bila malipo, na mama atakuwa keshaona. Kuhamia Unguja sikuoni kunakosaidia chochote. Vichekesho vyako vinatoka Pemba. Tumeshachoka na Mpemba wa televisheni ambaye kazi yake yote ni kuwa na lafudhi, anafungua mdomo watu wacheke kabla hajasema kitu. Wewe mzee wako anachekesha kwa hesabu zake. Angezungumza lugha yoyote angechekesha. Baki hapo hapo ukisikiliza, na ukitaka kukutana na watu wa kazi hii njoo Ngome Kongwe, Unguja, wakati wa tamasha la filamu la ZIFF, uwe na miswada miwili iliyokamilika mkobani. Siyo klipu za simuni, miswada.

Mkuu wa kikundi mwite kwenu, mama awepo, muonyeshe barua kabla hujaituma. Usimtukane. Bila yeye yule mzee angekuwa bado yumo daftarini. Mwambie mgao unautaka uandikwe ili udugu ubaki, na umpendekezee asilimia yake kama muigizaji mkuu, kubwa kuliko atakayopewa na wengine. Akikataa hata kusoma, utakuwa umemjua kabla ya vipindi 13 na si baada yake.

Mjomba. Watu wetu wanavumilia dhihaka kuliko wanavyosifiwa. Mwaka Kogwa kule Makunduchi wanaume wanapigana kwa makuti ya migomba na wanawake wanaimba maneno ambayo siku nyingine yangevunja ndoa, na jioni wanakula pamoja. Lakini siku ile inajulikana, uwanja unajulikana, na aliyekwenda amekwenda kwa miguu yake. Mjomba wako hakwenda popote. Alikuwa kakaa kwake, akaletewa simu na mjukuu.

Norman Lear naye alimchukua baba yake. Yule mzee mbishi wa kipindi chake alimpa hulka za baba, hata neno alilokuwa akimnyamazishia mkewe. Ila alimtia na mengine, akampa kazi nyingine, mtaa mwingine, akamfanya mtu ambaye maelfu ya familia walidhani ni wa kwao. Fanya hivyo. Vipindi 13 vinakupa nafasi ambayo klipu haikukupa. Mzee wa pishi apate mke anayemshinda kwa maneno, apate deni linaloeleza ubahili wake, apate siku moja ya kuwa yeye ndiye mwenye haki na mji mzima ndio wenye makosa. Na lile la kurudi tano akifika saba, kama ni la mjomba kweli, liondoe au umpe mhusika mwingine. Unaweza kutunga lingine, una kipaji. Yeye hawezi kutunga jina lingine.

Uende kwake wewe, usitume mtu. Nenda asubuhi, si siku ya Ijumaa, na mama yako. Usianze na klipu. Muulize habari za karafuu, zinavyouzwa, mvua zilivyokwenda, na atakapoanza kulalamika juu ya wachumaji usichukue daftari.

La mwisho ni kuhusu ile nakala uliyoniletea. Ukurasa wa sita una mahali pa kutia saini mkuu wa kikundi na shahidi wake, lakini upande wa kituo pana mstari mtupu, hapana jina wala cheo, na mihuri ya ukurasa wa kwanza na wa sita haifanani. Kabla hujamwandikia mtu, piga simu kituoni kwa namba yao ya ofisi, si hiyo iliyopigwa kwenye mkataba, uulize ni nani anayeshughulikia vipindi vya nje na kama anaijua karatasi hii.